Mara ya Pili

Ile ya kwanza tuliirekodi usiku mmoja,
ghala la korosho, Maweni, mwaka wa themanini na saba,
jenereta likikohoa nyuma ya ukuta
na mvua juu ya mabati ikitaka nayo kulipwa.
Nyimbo tisa. Kinasa sauti kimoja, cha kuazima.
Mimi Dama, besi; Thoya, gitaa lenye ufa;
Shee Famau, sauti, kifua wazi, jasho na mafuta ya nazi;
na Ngumbao nyuma, kwenye ngoma,
akikimbia.

Roki. Waitaliano wa hotelini walidhani tunagombana.

Alikuwa akikimbia siku zote, Ngumbao.
Ukihesabu nne, yeye yuko tano,
kama mtu aliyeacha chungu jikoni.
Tulimtukana. Tulimfuata.
Watu wakasema: hawa wana moto.
Haukuwa moto. Ni sisi tu
tukimkimbilia mwenzetu asituache.

Mkataba tulitia saini juu ya kreti la soda,
kwa njaa, bila kusoma.
Kanda ikaenda Mombasa, ikakaa Mombasa.
Mwenye kanda akafa, mwanawe akairithi
kama unavyorithiwa mnazi:
shina, makuti, madafu, na kivuli akitaka.

Basi tukasema, turudie. Neno kwa neno,
tuwe na chetu cha kuwaachia watoto.
Maji yakimwagika hayazoleki, walisema wahenga.
Sisi tulikuja na tambara na ndoo.

Studio ya Jefwa, Muyeye, kuta zimevikwa trei za mayai.
Hamna mvua humo. Hamna mbwa wa jirani.
Shee hana tena meno mawili ya mbele,
kila sini yake inapiga mluzi;
Jefwa akaitoa miluzi kwenye kompyuta, mmoja mmoja,
kama mama anayemtoa mtoto chawa.
Ngumbao tulishamzika, Barani, mwaka wa mafuriko.
Yaa, mwanawe, ndiye aliyekalia ngoma.
Kijana mzuri. Hakosei.
Ukihesabu nne, ni nne.

Wimbo wa sita, kwenye ile ya kwanza,
jenereta lilizimika katikati ya ubeti.
Sauti ya Shee ikazama, nzito, ng'ombe kisimani,
kisha ikaibuka. Tuliiacha vile vile,
hatukuwa na kanda nyingine.
Watu wakaiita ufundi.
Safari hii Jefwa aliishusha kwa kidole,
akahesabu moja, mbili, tatu, akaipandisha.
Giza la kuhesabiwa.
Sote tulitazama sakafu.

Majalada yakachapwa. Kabla ya yote
tukampelekea Kadzo, mjane, asikilize.
Alikuwa uani akichambua mchicha.
Alizisikiliza zote tisa, hakuinua kichwa.
Kisha: "Mmeimba vizuri.
Ila hii ni picha ya kitambulisho.
Nyuso ni zenu, lakini mmeambiwa msicheke."

Hakuna aliyesema tusiitoe.
Wiki ikapita, Ramadhani ikaingia,
Thoya akauguliwa na mkewe,
Jefwa akahamia Mtwapa.
Nikiulizwa sokoni nasema, bado kidogo.
Majalada mia tatu yako chini ya kitanda cha Shee;
mjukuu wake ameshayakata kumi na kitu,
vishada.

Nakala ninayo, kwenye kopo la biskuti,
pamoja na hati ya shamba.
Usiku mwingine huiweka, chini chini, wasiamke.
Ni safi. Safi mno, kama chumba
kilichotandikiwa mgeni ambaye hakuja.
Na kila wimbo ukifika pale kabla ya kiitikio,
pale alipozoea kutuponyoka,
vidole vyangu juu ya meza
huondoka mapema,
nusu pigo,
peke yao.